Barabara ya Bukavu, Uvira na Fizi: Njia ya Leta ni Njia ya Nani?

Mazungumzo ya redio juu ya amani na haki za raia

Jambo kwa ninyi mlio Bukavu, Nyangezi, Kamanyola, Luvungi, Sange, Kiliba na Uvira. Jambo kwa ndugu zetu wa Makobola, Swima, Mboko, Baraka na Fizi. Tena jambo kwa wewe dereva uliyefungua redio ndani ya kamyo, na kwako mama uliyekaa juu ya mizigo ukingoja mvua iishe ili gari liendelee.

Katika mazungumzo yaliyopita tulisema juu ya magomvi ya mashamba. Baada ya siku ile tulipokea barua nyingi, na karibu zote ziliuliza jambo moja. Mmoja aliandika hivi: «Mwanasheria, ninyi husema kwamba barabara ni ya Leta. Lakini mimi nalipa kwa askari, nalipa kwa vijana wa kijiji, nalipa kwa watu nisiowajua. Basi barabara ni ya nani?» Swali hili ni zuri, na jibu lake si fupi. Leo tutaifuata barabara hii kutoka mwanzo hadi mwisho, tukumbuke ilitoka wapi, kisha tuone sheria inasema nini.

1. Njia yenyewe

Barabara hii inaitwa Barabara ya Taifa namba 5. Wengi wetu tunajua kipande chetu tu: mtu wa Sange anajua Uvira na Kamanyola, mtu wa Baraka anajua Uvira na Fizi. Lakini njia ni ndefu kuliko hapo. Inaunganisha Bukavu na Lubumbashi, ikipita Uvira, Fizi na Kalemie. Maana yake ni kwamba inagusa majimbo matatu: Kivu ya Kusini, Tanganyika na Haut-Katanga. Shikeni neno hilo la majimbo matatu, maana tutalirudia tukifika kwenye sheria.

Ukitoka Bukavu upande wa Panzi, unapita Nyangezi, halafu unafika Ngomo. Hapo ndipo madereva huacha mzaha. Ziwa Kivu liko juu, karibu mita 1,460 kutoka usawa wa bahari, na Ziwa Tanganyika liko chini, karibu mita 770. Mteremko huo mkubwa barabara inaushuka kwa sehemu kubwa pale Ngomo, mlima upande mmoja na korongo upande wa pili, na magari mawili makubwa hayapishani kila mahali. Kwa sababu hiyo, kwa miaka mingi, magari mengi ya Bukavu yalivuka mto Ruzizi, yakashuka kwa njia ya Rwanda hadi Bugarama, yakarudi Kongo pale Kamanyola. Fikirini jambo hili: Mkongomani anatoka mji wa Kongo, anakwenda mji mwingine wa Kongo, na anapita nchi ya wengine pamoja na vyeti na malipo ya mipaka miwili. Barabara ya taifa ikiwa mbovu, taifa lenyewe linakatika vipande.

Kamanyola ni mahali ambapo nchi tatu zinakaribiana: Kongo, Rwanda na Burundi. Kutoka hapo njia inanyooka katika bonde la Ruzizi: Luvungi, Sange, Kiliba, mpaka Uvira. Hapa joto ni kali na udongo una rutuba. Hapa hutoka mchele, mihogo, mahindi na nyanya, na hapa ng'ombe hushuka kutoka milimani kutafuta majani wakati wa kiangazi. Kiliba kulikuwa na kiwanda cha sukari kilicholisha jamaa nyingi hadi vita vya 1996. Kutoka Bukavu hadi Uvira ni karibu kilomita 130.

Uvira imebanwa kati ya mlima na ziwa. Hapo kuna bandari ya Kalundu, na pale Kavimvira kuna mpaka wa kwenda Bujumbura. Baada ya Uvira njia inafuata ukingo wa ziwa: Makobola, Swima, Mboko, hadi Baraka. Ndagala wakavu, mikeke na mafuta ya mawese hupita hapo. Halafu inapanda Fizi, inaelekea Lulimba na Misisi, kwenye machimbo ya dhahabu, na kuingia jimbo la Tanganyika.

2. Ilitoka wapi

Kabla ya gari, watu walipita hapa kwa miguu. Katika karne ya 19 misafara ya wafanyabiashara ilivuka ziwa kutoka Ujiji hadi Uvira na pwani ya Fizi. Walitafuta pembe za ndovu, na waliuza watu pia. Kiswahili tunachosema leo kilipita humo humo. Tusisahau: lugha inayotuunganisha ilikuja na misafara ambayo mingine ilikuwa na minyororo.

Wakati wa Wabelgiji shabaha ilikuwa kutoa mali. Reli ya Kigoma ilifika ziwani mwaka 1914, na reli ya Kalemie, iliyoitwa Albertville, mwaka 1915. Basi ziwa likawa mlango wa Kivu. Katika miaka ya 1930 palikuwa hata na reli kutoka Uvira hadi Kamanyola, karibu kilomita 90. Haikuweza kupanda mlima. Mizigo ilishushwa Kamanyola, ikapakiwa katika makamyo na kupandishwa Bukavu, uliokuwa ukiitwa Costermansville. Reli hiyo ilifungwa mwishoni mwa miaka ya 1950, na kazi yote ikabaki kwa barabara. Vijana wengi wa leo hawajui kama garimoshi lilipita Luvungi. Waulizeni wazee.

Nani alichimba njia? Babu zetu. Dekreti ya tarehe 5 mwezi wa 12, 1933 iliruhusu wenyeji wafanyishwe kazi ya lazima hadi siku 60 kwa mwaka. Kila kijiji kilipewa kipande chake cha njia: kufyeka, kuziba mashimo, kusafisha mifereji. Aliyekataa alijua fimbo na kifungo. Ndiyo sababu katika vijiji vingi neno «kazi ya barabara» lina uchungu mpaka leo. Baada ya uhuru, katika miaka ya 1970, ikaja Salongo, na wengi waliona ni kazi ile ile yenye jina jipya.

Mwaka 1971 serikali iliunda Office des Routes, yaani Ofisi ya Barabara, ili itunze barabara kubwa za nchi. Mtandao iliokabidhiwa ni karibu kilomita 58,000. Ulikuwapo wakati ambapo kantonie alilipwa, alikuwa na koleo na toroli, na shimo lilizibwa likingali dogo. Halafu mishahara ikakatika, kantonie akarudi shambani kwake, na shimo likakua. Wahenga walisema: usipoziba ufa, utajenga ukuta.

3. Kila jamii ina makaburi kando ya njia hii

Sasa, ndugu zangu, tunafika mahali pagumu. Ninawaomba msizime redio.

Mwaka 1964, wakati wa uasi wa Mulele na Soumialot, Uvira ilitekwa, na vita vilipanda bonde hadi Kamanyola. Mobutu alitukuza sana vita vile vya Kamanyola: aliipa jeshi moja jina hilo, na hata uwanja mkubwa wa mpira wa Kinshasa uliitwa Kamanyola hadi 1997. Lakini mkulima aliyekimbia na watoto wake hakupewa uwanja.

Mwaka 1996 bonde lilijaa kambi za wakimbizi wa Rwanda na Burundi. Mwezi wa 9 mwaka huo raia Wanyamulenge waliuawa pande za Fizi na Baraka. Mwezi wa 10 vita viliteremka, Uvira ikaanguka, kisha Bukavu, na wakimbizi wengi pamoja na wenyeji waliuawa njiani na makambini. Mwisho wa 1998 na mwanzo wa 1999, Makobola, watu wengi sana waliuawa katika siku za mwaka mpya. Mwaka 2014, usiku wa tarehe 6 mwezi wa 6, watu zaidi ya 30 waliuawa Mutarule, karibu na njia hii. Mwaka 2017 wakimbizi wa Burundi zaidi ya 30 walipigwa risasi Kamanyola. Mwezi wa 2 mwaka 2025 waasi wa M23 waliingia Bukavu, na mwezi wa 12 mwaka huo waliingia Uvira. Mara hizo zote mbili tuliona tena magodoro juu ya vichwa, na watu wakivuka kwenda Burundi.

Kwa nini ninayataja haya katika mazungumzo juu ya barabara? Kwa sababu kila mmoja wetu anahesabu makaburi ya kwao tu. Mbembe anataja Makobola. Munyamulenge anataja Baraka. Mfuliru anataja Mutarule. Wote wanasema kweli. Uongo unaingia pale mtu anapodhani kwamba kaburi lake ndilo peke yake, na kwamba kwa sababu hiyo ana haki ya kufunga njia kwa mwingine.

Na si vita peke yake. Jioni ya tarehe 2 mwezi wa 7, 2010, gari la mafuta lilipinduka Sange. Watu walikuja na ndoo na bidoni kuchota, wengine walikuwa wakitazama mpira wa Kombe la Dunia karibu hapo. Moto ukalipuka. Zaidi ya watu 230 walikufa, watoto wengi miongoni mwao. Hapo moto haukuuliza kabila.

4. Jambo nililoliona mimi mwenyewe

Siku moja nilisafiri kwenda Uvira katika basi dogo. Tulifika kwenye kamba iliyofungwa kati ya miti miwili. Sitataja mahali, wala waliokuwa wameishika. Walitaka franga kwa kila mtu, tukalipa. Kisha mmoja wao alimtazama kijana aliyekaa nyuma, akamwambia ashuke. Akamwamuru aseme lugha fulani ili wajue yeye ni mtu wa wapi. Kosa lake lilikuwa uso wake.

Mimi nina diploma ya sheria. Naijua Katiba, naweza kuwatajia artikle kwa namba zake. Siku ile niliangalia viatu vyangu.

Aliyesema alikuwa mama mmoja mzee, mwenye kikapu cha ndagala. Alisema kwa sauti ya pole: «Mwanangu, huyu amelipa nauli sawa na mimi. Ukimbakiza, mimi nami nashuka, na ndagala wangu wataoza hapa mbele yako.» Akashuka kweli. Mama wa pili akashuka. Dereva akazima mota. Mwishowe tulishuka sote, hata mimi mwanasheria, nikiwa wa mwisho. Tulisimama pale labda nusu saa, hakuna aliyetukana, hakuna aliyepaza sauti. Kisha yule kijana akarudishiwa cheti chake, tukaondoka.

Sisemi kwamba jambo hili hufaulu kila mara. Pengine siku nyingine tungepigwa wote. Nasema tu kwamba mama yule alijua jibu la swali letu la leo kabla yangu.

5. Sheria inasema nini

Katiba yetu ya tarehe 18 mwezi wa 2, 2006, katika artikle ya 202, inaweka barabara zinazounganisha majimbo mawili au zaidi katika kazi za serikali kuu. Njia yetu inagusa majimbo matatu. Basi si ya gavana, si ya mwami, si ya kamanda, wala si ya kijiji inapopita. Ni mali ya taifa.

Artikle ya 30 inasema kwamba kila mtu aliye katika nchi hii ana haki ya kutembea kwa uhuru na kukaa anapotaka, akifuata masharti ya sheria. Artikle ya 12 inasema Wakongomani wote ni sawa mbele ya sheria, na artikle ya 13 inakataza ubaguzi wa kabila. Hakuna artikle inayosema kwamba mtu apimwe kwa pua au kwa lugha.

Artikle ya 174 inasema kodi haiwezi kuwekwa ila kwa sheria. Na artikle ya 28 inasema hakuna anayelazimika kutii amri ambayo ni wazi kwamba inavunja sheria. Askari anayesema «nimetumwa na mkubwa» asikie maneno hayo.

6. Barieri za haki na barieri za wizi

Si kila barieri ni mbaya. Zipo tatu zinazoweza kuwa za haki.

Ya kwanza ni barieri ya mvua. Mvua kubwa ikinyesha, magari mazito husimamishwa kwa saa kadhaa ili njia ikauke. Gari moja la tani nyingi likipita katika matope linaweza kuharibu kazi ya mwezi mzima. Dereva, usikasirike hapo. Unangoja kwa faida yako ya kesho. Lakini barieri hiyo haiuzwi: mwenye kutoa franga ili apite katika mvua ananunua shimo.

Ya pili ni ya malipo ya barabara, yanayowekwa kwa sheria. Mwaka 2008 sheria iliunda mfuko wa taifa wa kutunza barabara, FONER, unaopata fedha kutoka kwenye mafuta ya magari na malipo ya njiani. Hapo una haki ya kupewa kitansi, ile karatasi inayoonyesha kwamba umelipa. Tena raia ana haki ya kuuliza: fedha yetu iliziba shimo gani?

Ya tatu ni ya ukaguzi kwenye mpaka au penye hatari ya kweli. Hiyo hukagua, haichukui mali ya watu.

Nyingine zote, za kamba, za jiwe, za gogo, ni wizi hata kama aliyeshika kamba amevaa nguo za Leta. Watafiti waliohesabu barieri za Kivu zote mbili walitangaza mwaka 2017 kwamba walikuta 798. Nani anazilipa? Si mwenye kamyo. Yeye huongeza bei. Analipa mama wa Panzi anaponunua kilo ya mchele wa bonde, na mkulima wa Luberizi anapouza gunia lake kwa bei ndogo. Na fedha hiyo hununua risasi, risasi huleta woga, na woga hufunga kamba nyingine.

7. Tufanye nini?

Kwanza, uhai mbele. Usibishane peke yako na mtu mwenye bunduki au pombe kichwani. Anayeandika baadaye anafaa kuliko anayekufa akisema artikle.

Pili, andika: siku, saa, mahali, kiasi ulicholipa, nguo walizovaa. Peleka habari kwa chama cha madereva, kwa jamii ya raia, au kwa mwanasheria unayemwamini. Kama mkosaji ni mwanajeshi au polisi, mahakama yake ni ya kijeshi: ndivyo inavyosema artikle ya 156. Mashtaka ya mtu mmoja hupotea, lakini mashtaka hamsini yenye tarehe na mahali ni vigumu kuyaficha. Pale ambapo Leta haipo na bunduki ndiyo inayotawala, wazee wa pande zote mbili bado wanaweza kuonana. Soko linalofunguliwa siku moja kwa jamii zote limeokoa watu mahali ambapo mkutano mkubwa ulishindwa.

Tatu, tutunze njia. Adui wa kwanza wa barabara ni maji. Mfereji ukizibwa na takataka, maji hupita katikati na kukata njia. Mwezi wa 4 mwaka 2020 mto Mulongwe ulifurika Uvira, ukabeba nyumba na watu na kuvunja madaraja. Mvua hatuiamuru, lakini miti ya mlimani na mifereji ya mjini iko mikononi mwetu. Zipo kamati za kijiji za kutunza barabara, zinazoitwa CLER. Pale zinapofanya kazi vizuri, watu hulipwa kwa kipande walichofanya. Hiyo siyo kazi ya 1933: artikle ya 16 imekataza kazi ya kulazimishwa. Chefu anayetaka watu wachimbe bila mapatano wala malipo akumbushwe jambo hilo kwa heshima.

Nne, kamati hiyo isiwe ya kabila moja. Mfuliru, Murundi wa bonde, Muvira, Mbembe, Munyamulenge, Mushi, kila mmoja ashike koleo. Watu waliochimba mfereji pamoja huona haya kufungiana kamba juu yake.

Basi, ndugu uliyetuandikia, jibu letu ni hili. Barabara ni ya Leta, na Leta ni wewe, na ni yule uliyemkuta amekaa kiti cha nyuma. Siku atakaposhushwa peke yake, barabara imekwisha kuwa ya mwenye kamba. Siku mtakaposhuka pamoja, imeanza kurudi kwa wenyewe.

Kwa leo tunaishia hapo. Safari njema kwa walio njiani, na amani nyumbani kwenu.

Maswali ya kuzungumzia katika vikundi vya wasikilizaji

1. Katika kipande chetu cha njia kuna barieri ngapi? Zipi ni za haki, zipi ni za wizi? Tunajuaje?

2. Tuwaulize wazee: nani alichimba njia hapa kwetu, na kwa masharti gani?

3. Tutaje makaburi ya jamii nyingine yaliyo kando ya njia, siyo yetu tu. Tumewahi kwenda kuwapa pole?

4. Kama tungekuwa ndani ya basi lile, nani kati yetu angeshuka wa kwanza? Ni nini kingemzuia?